Mashine ya kupimia gari inadai kuapdeti fimwea: nibonyeze au nikimbie?

#1 Spana Kumi na Nne
Wakuu, salaam.

Nina kijigereji changu Tabata, kazi zangu ni Toyota na Nissan za kawaida: IST, Noah, X-Trail. Mashine ninayotumia ni kile kiboksi cheusi cha Mchina, kebo ya USB upande mmoja, plagi ya pini 16 upande wa pili. Nilikichukua Kariakoo mwaka juzi kwa laki tatu na nusu na kimenilipa, sina cha kulalamika. Jumanne nimebadilisha programu kwenye laptopu, nikaweka toleo jipya ili nisome haibridi, maana Aqua zinazidi kuingia. Sasa kila nikiifungua inaleta kidirisha: fimwea ya kifaa ni ya zamani, bonyeza sawa ipandishwe. Nikikataa, programu inajifunga yenyewe.

Kinachonitia woga ni jamaa yangu wa Mbagala. Mashine kama yangu, duka lile lile. Alibonyeza. Ikafika asilimia 62 ikagoma hapo. Akasubiri nusu saa, akachomoa. Tangu siku hiyo kiboksi hakiwashi taa na kompyuta haikioni. Fundi wa kwanza kamwambia umeme ulikuwa mdogo, wa pili kamwambia kifaa ni feki na programu imekiua makusudi. Wote wawili wamekula hela ya kuangalia.

Ni nini hasa kinachoua hivi vitu? Nawaandikia kidirisha bado kiko wazi tangu asubuhi, naogopa hata kukifunga.

#2 Kobe wa Keko
Kinafanya kazi? Basi kiache. Rudisha programu ya zamani uendelee kula ugali wako. Uzi ufungwe.

#3 MamaNoah
Nimepita tu natafuta uzi wa Noah kula mafuta. Fimwea ndiyo nini jamani?

#4 Waya Mwekundu
MamaNoah, ni programu inayokaa ndani ya kifaa chenyewe, kwenye chipu. Na hapa mafundi wengi wanachanganya vitu vitatu. Kuna programu ya kwenye laptopu, hiyo unaifuta na kuiweka upya mara mia na hafi mtu. Kuna fimwea ya kiboksi, ndiyo anayoiulizia mleta mada. Halafu kuna programu iliyomo kwenye kontroboksi, ile kompyuta ya gari lenyewe. Ukiharibu hiyo ya mwisho, gari la mteja linalala gerejini na wewe unalala polisi. Ukiharibu ya kiboksi unalala njaa tu.

#5 Mzee Alteneta
Marahaba kwa wote ambao hamjanisalimia.

Mimi nimeanza kushika waya za magari enzi za Peugeot 504, mnivumilie. Nyie mnaongea chipu, mimi naongea volti. Kabla hujabonyeza chochote chukua mita, ncha nyekundu pini ya 16 ya soketi ya gari, nyeusi pini ya 4, usome. Betri nzima iliyopumzika itakupa kama 12.6. Ukikuta 12 kamili au pungufu, hapo hufanyi kazi, unacheza kamari. Kijana wa gereji jirani alichomeka kiboksi kwenye Premio ambayo betri ilikuwa hoi. Yuko katikati ya kuapdeti, mwenye gari kaingia, kakaa, kapiga stata. Ile stata ikivuta, betri dhaifu inashuka mpaka 9 na ushee. Kiboksi kikazima, ikawa ndiyo buriani. Huyo wa Mbagala ni umeme, sina haja ya kuuliza mara mbili. Washa injini, alteneta itoe 14, ndipo ubonyeze.

#6 Waya Mwekundu
Shikamoo mzee. Kwa injini kuwaka nakupinga kwa adabu. Gari likizima lenyewe je? Na huyo atakayeliwasha tena ndiyo yule yule wa stata. Mimi naunganisha betri nyingine nzima kwa waya za kubustia, injini imezimwa, na funguo ninao mimi mfukoni. Mfukoni, siyo kwenye dashibodi.

#7 Kipara Ngoto
Pini ya 16 si inapata umeme ukifungua swichi tu? Sasa funguo mfukoni itasomaje?

#8 Waya Mwekundu
Hapana mkuu. 16 ina umeme wa betri muda wote, hata gari likiwa limefungwa. Ndiyo maana wale wanaoacha kidude cha bluetooth kimechomekwa wiki nzima wanakuja kulia kwamba betri imelala. Ukikuta 16 haina kitu angalia fyuzi, Toyota nyingi wameiandika OBD kabisa, yaani soketi hiyo ya kupimia.

#9 Ruka Ukuta
Mzee Alteneta #5, nakuheshimu ila kisa changu kinakataa.

Mimi kiboksi changu hakikuwa kwenye gari lolote. Vingi vya hivi vinakula umeme wa USB wakati wa kuapdeti, gari halihusiki. Nilikuwa sebuleni, laptopu yangu betri ilishakufa zamani, inaishi kwa chaja. Mke wangu tangu saa kumi ananiambia baba fulani LUKU inaisha, mimi naitikia tu. Asilimia arobaini na kitu, giza. Nikakaa kwenye giza nimeshika kiboksi kama nimeshika kifaranga. Nikanunua umeme kwa simu, namba zile 20 nikazikosea mara mbili kwa kutetemeka. Umeme uliporudi nikawasha laptopu, nikafungua programu, ikasema kifaa kiko katika hali ya kuokolewa, endelea? Nikaendelea. Kipo mpaka leo.

Sasa kama umeme ndiyo muuaji, changu kilipona vipi?

#10 Kobe wa Keko
Kilipona kwa dua za mkeo. Mnunulie kitenge.

#11 Msaka Tonge
Mnazunguka mbuyu. Kitu ni feki, programu imetoka kwa mwenye mali, mwenye mali hapendi feki. Programu inasoma namba ya kifaa, ikiona hajaitengeneza yeye inakiandikia takataka. Hata ile saga ya FTDI, watengeneza chipu za USB, mwaka 2014 si mnaikumbuka? Draiva, ile programu ya kuitambulisha chipu kwa kompyuta, ilishuka kupitia Windows Update, chipu feki zote za USB zikaungua dunia nzima. Fundi wa pili kasema kweli.

Na ndiyo maana vidude vya ELM327, vile vidogo vya bei rahisi vya kusoma gari, kila siku vinatolewa fimwea mpya, 1.5, 2.1, wanakimbizana na hao jamaa.

#12 Dada Risasi
Msaka Tonge, umechanganya mchele na chuya. Mimi ni fundi simu Kariakoo ila viboksi vya mafundi magari vinaletwa mezani kwangu kila wiki, kwa hiyo nisogezeeni kiti.

Moja, zile chipu za 2014 hazikuungua. Draiva ilizibadilisha namba ya utambulisho ikawa 0000, ndiyo maana kompyuta ikawa haizitambui. Waliojua waliirudisha namba, zikafanya kazi. Kutotambuliwa na kufa ni vitu viwili.

Pili, ELM327 halisi ilikuwa ya kampuni ya Kanada, Elm Electronics, na ilifunga biashara 2022. Wao toleo la 1.5 hawakuwahi kulitoa kabisa. Waliokopi walikopi lile la mwanzo kabisa ambalo halikuwa na kufuli, halafu wakajiandikia namba wanayopenda. Vidude vya elfu ishirini ukiona mtu anakuuzia "fimwea mpya" yake, shika pochi.

Tatu, Ruka Ukuta, chako kilipona kwa sababu ya butiloda. Mwanzoni mwa chipu kuna kipande kidogo cha programu ambacho kazi yake ni moja, kupokea fimwea mpya na kuiandika. Chenyewe hakiguswi. Umeme ukikatika, fimwea inakuwa nusu, lakini kile kipande kipo, ukikiwasha kinasema niletee tena. Kiboksi kisicho na hicho kipande, au ambacho toleo jipya linakiandika upya na chenyewe, hapo ukikatika ndiyo basi.

#13 MamaNoah
Dada Risasi kula tano. Simu yangu chaji inashuka pia, tutaongea.

#14 Spana Kumi na Nne
Dada shukrani, nimeelewa kuliko nilivyoelewa kwa wale waliokula hela. Nimempigia jamaa wa Mbagala kuuliza vizuri. Anasema hakuwa kwenye gari, laptopu ilikuwa na chaji asilimia 80 na iko kwenye chaja. Kwa hiyo Mzee Alteneta utanisamehe. Ila kuna jambo kanitajia leo: programu yake inakaa ndani ya Windows XP ambayo nayo iko ndani ya Windows 10, alifungiwa hivyo na muuzaji.

#15 Bunju Mpakani
BASI. Hapo hapo. Uchunguzi umeisha.

Nimefungua akaunti niandike hili tu, kwa miaka miwili nasoma kimya. Ile kompyuta iliyo ndani ya kompyuta inapewa kifaa cha USB kwa jina lake na namba yake. Kiboksi kikiingia kwenye hali ya kuapdeti kinajichomoa na kujirudisha kwa namba nyingine, kama mtu aliyeingia chooni na shati jekundu akatoka na la bluu. Windows 10 ya nje inakidaka yenyewe, XP ya ndani inabaki inasubiri mgeni ambaye hatakuja. Mimi yamenikuta. Siku hizi nina kilaptopu kizee cha Windows 7, hakina intaneti, hakina kazi nyingine, kinaapdeti tu na kurudi kabatini.

#16 Waya Mwekundu
Karibu sana Bunju. Ila kama ni hivyo, kingekufa kwenye sifuri. Kimefikaje 62 kama mgeni hakuja?

#17 Bunju Mpakani
Changu kilijichomoa mara mbili. Kina chipu mbili ndani, ya kwanza ikimaliza kinazima kinawaka, ndipo inaanza ya pili. Katikati hapo ndipo palipo na shimo.

#18 Msaka Tonge
Au katikati hapo ndipo ilipogundua ni feki. Nasimama pale pale.

#19 Mzee Alteneta
Na mimi nasimama pale pale. Kebo ya USB ya mita tatu ina volti ngapi mwishoni? Amepima? Hajapima. Umeme ni umeme, uwe wa gari uwe wa laptopu.

#20 Ruka Ukuta
Hapo mzee ana pointi. Kebo iliyokuja na changu ilikuwa nyembamba kama uzi wa kushonea, nikabadilisha nikaweka fupi nene. Na usipitishe kwenye kigawanyio cha USB chenye mausi na flashi na feni. USB 2 inatoa miliampea 500 basi, mkigawana wanne kila mtu anashika njaa.

#21 Kibanda cha Supu
Mimi kwangu ilikuwa antivirasi. Faili la fimwea likishuka tu, antivirasi inalidaka kimya kimya inalitia jela, programu inaandika kile kilichobaki. Kaka yangu anayesoma mambo ya kompyuta alinionyesha certutil, ipo ndani ya Windows yenyewe, unaipa faili inakutolea alama ndefu ya SHA256. Faili likipungua herufi moja, alama yote inabadilika. Linganisha na alama ya muuzaji.

#22 Kobe wa Keko
Mchina gani wa Kariakoo aliyekuandikia alama ya SHA kwenye boksi? Kaandika "Hight Quality" na bado kakosea.

#23 Kibanda cha Supu
😂 Basi lishushe kutoka sehemu mbili tofauti, ulinganishe hizo mbili. Zikitofautiana usiguse.

#24 Kipara Ngoto
Mmesahau mfuniko. Laptopu ya gereji imewekwa ilale ukifunga mfuniko au ikikaa dakika kumi bila kuguswa. Fundi anaacha inaapdeti, anaenda kunywa chai, jua la Tabata linaipiga kwenye boneti, mwenzake anaona vumbi linaingia, anaufunga kwa wema kabisa. Wema umeua viboksi vingi mjini hapa.

#25 MamaNoah
Samahani tena. Noah yangu taa ya injini imewaka na nyie mmekusanyika wote hapa. Kodi ni P0171. Fundi anataka kubadilisha oksijeni sensa, laki mbili.

#26 Mzee Alteneta
Mama, P0171 inasema mchanganyiko una hewa nyingi kuliko mafuta. Sensa ndiyo imeripoti, usimuue mjumbe. Akague kwanza mpira wa hewa baada ya kisafisha hewa kama umepasuka, asafishe sensa ya kupima hewa, apime presha ya mafuta. Laki mbili yako iweke.

#27 MamaNoah
Mungu akuzidishie mzee. Shikamoo.

#28 Mzee Alteneta
Marahaba. Mnaona? Mtu mwenye adabu.

#29 Spana Kumi na Nne
Nimerudi, ni Ijumaa. Jana jamaa wa Mbagala kaniletea maiti yake, nimeifungua. Skurubu nne chini ya stika. Ndani kuna ubao wa kijani wa ukubwa wa kiberiti, kichipu kidogo upande wa USB, na chipu moja kubwa ya mraba katikati, miguu mingi sana. Juu yake wameisugua kwa msasa. Nimewasha tochi ya simu nikailaza pembeni, mwanga ukiwa mshazari herufi zinaonekana kama makovu: 32F10, inayofuata ni 3 au 5, imeliwa. Msaka Tonge atasema msasa ndiyo ushahidi.

#30 Msaka Tonge
Umenitoa maneno mdomoni.

#31 Dada Risasi
Msasa siyo ushahidi, hata wenye mali yao wanasugua wasikopiwe.

Spana, hiyo ni chipu ya aina ya STM32, na ni habari njema. Chipu hizo zina butiloda nyingine ya kuzaliwa nayo, ilichomwa kiwandani, haifutiki hata ufanyeje. Tafuta nukta au mguu wa BOOT0, uuguse kwenye volti 3.3 wakati unachomeka USB. Usiuguse kwenye 5. Kama ni F105 kompyuta italia na utaona kifaa kipya. Kama ni F103 haitalia, hiyo haina njia ya USB, inataka waya mbili za siriali, uilete mezani.

#32 Spana Kumi na Nne
Dada. IMELIA.

Nilishika kibano cha nyusi cha mke wangu, dogo akachomeka kebo, mkono ukateleza mara mbili, ya tatu kompyuta ikatoa ule mlio. Kwenye orodha ya vifaa imeandika STM Device in DFU Mode, yaani iko tayari kupokea fimwea. Jamaa wa Mbagala kanikumbatia, kanichafua grisi. Sasa si nanakili fimwea kutoka kwenye changu kizima naiweka kwenye chake?

#33 Dada Risasi
SIMAMA HAPO. Hicho chako kizima usikiguse na hicho kibano.

Waliotengeneza karibu wote wanafunga kufuli la kusoma. Ukijaribu kunakili itakukatalia, na ukibonyeza kuondoa kufuli, chipu inajifuta yote kwanza ndipo inafunguka. Ndivyo ilivyoundwa. Utakuwa na maiti mbili. Na lile faili la kuapdeti halitoshi, mara nyingi ni fimwea tupu bila butiloda ya mwenye kiboksi, tena limefumbwa, ile butiloda iliyopotea ndiyo ilikuwa na ufunguo wa kulifumbua.

#34 Waya Mwekundu
Kwa hiyo kilichopotea ni butiloda. Ndiyo kile Dada alisema #12, toleo jipya liliiandika na yenyewe, pale kwenye 62. Ukikatika hapo huna pa kurudi.

#35 Bunju Mpakani
Na kilikatika kwa sababu kilijichomoa na XP ikakipoteza. Asanteni.

#36 Msaka Tonge
Au kiliifuta makusudi. Chipu nzima, programu imefutwa, ndicho nilichosema siku ya kwanza.

#37 Mzee Alteneta
Kebo kapima?

#38 Spana Kumi na Nne
Mzee, nimepima. Upande wa kiboksi 4.6. Hiyo ni nzuri au mbaya?

#39 Mzee Alteneta
Ilipimwa kikiwa kimelala. Kikifanya kazi je?

#40 Ruka Ukuta
😂😂 mzee haachii.

#41 Spana Kumi na Nne
Mimi kwangu nimekifunga kile kidirisha. Nimefuta toleo jipya, nimerudisha la zamani, nikachomeka kwenye IST ya mteja, imesoma. Haibridi nitampelekea jirani, tugawane. Cha Mbagala kinakuja mezani kwa Dada Jumatatu akiwa na nafasi, kama kuna mtu ana kiboksi cha aina hii na faili kamili la kiwandani, siyo lile la kuapdeti, anitafute inbox.

#42 Kobe wa Keko
Ushauri wa #2 umelipwa shilingi ngapi?

#43 Kipara Ngoto
Mwenye betri N70 nzima ya kuuza aseme, yangu imegoma leo asubuhi. Niliacha kile kidude cha bluetooth.